Hundi Iliyokataa Kuzama

Kariakoo ukikamatwa Jumatatu, shukuru. Wenye akili zao hukukamatisha Ijumaa alasiri, saa ambayo mwenye kutoa dhamana keshafunga jalada na kwenda msikitini au baa, kila mtu na imani yake. Unalala Ijumaa, unalala Jumamosi, unalala Jumapili. Jumatatu ukifikishwa kwa hakimu unanuka kama tambara la deki, na uso wako peke yake unatosha kuwa ushahidi.

Swaumu, mama wa sare za shule, alikamatwa Ijumaa.

Kosa lake lilikuwa hundi. Hundi ya milioni nne, aliyomwandikia mzee Tulsidas wa duka la vitambaa, ikapelekwa benki na kurudi mikono mitupu. Mtaa mzima wa Mchikichi ulishangaa, si kwa sababu hundi ilirudi, maana hundi kurudi ni kitu cha kila wiki, ila kwa sababu kila mtu alijua ile hundi ilikwisha. Ilikwisha tangu Februari, mezani kwa Mwinyimvua. Na kitu kilichokwisha mezani kwa Mwinyimvua huwa hakifufuki.

Mwinyimvua Sadalla alikuwa mtu wa miaka sitini na mbili, mwembamba, shati la mikono mirefu lililofungwa hadi kifungo cha shingo hata kwenye joto la kuyeyusha lami. Miaka ishirini na mbili alikuwa tarishi wa mahakama, kazi yake kupeleka samansi. Upanga alikimbizwa na mbwa. Buguruni alimwagiwa maji ya vyombo. Mtaa wa Gerezani kuna fundi wa spea aliipokea samansi, akaitafuna mbele yake, akaimeza, akaomba maji, kisha akasema, "Mzee, mimi sijapokea kitu."

Katika kutembea huko alijifunza jambo moja: watu wengi hawataki kushinda kesi. Wanataka iishe wakiwa bado wanasalimiana. Basi alipostaafu hakurudi Magomeni kucheza bao. Aliweka meza chini ya ngazi za jengo la ghorofa tatu, jirani na Mudi muuza chai, akawa mpatanishi wa hundi zilizorudi.

Kazi yenyewe ilikuwa hivi. Hundi ikigoma, benki huibandika kijikaratasi kinachosema mwandikaji aulizwe, ambayo ni lugha ya kistaarabu ya kusema humu hamna kitu. Hapo aliyepokea hundi huanza kutishia polisi, na aliyeiandika huanza kuzima simu. Mwinyimvua aliwatafuta wote wawili, akawakalisha, akawaacha watukanane mpaka wachoke, halafu wakapanga malipo. Hakuandika kitu. "Karatasi ndiyo iliyotufikisha hapa," alisema, "tusiiongeze mwenzake." Siku ya malipo, Mudi alileta glasi ya chai ya rangi, ya moto. Pesa ikishahesabiwa, aliyedai aliitoa hundi, akaichana vipande vinne, akavitumbukiza kwenye chai. Wote walikaa wakitazama mpaka wino umetoka na karatasi imekuwa uji. Hapo ndipo kesi imekwisha.

Mtaani waliita kuzamisha. Ukiuliza, "Ile ya mabati iliishia wapi?" ukajibiwa, "Ilishazama," huulizi tena. Na malipo yake? Utakachojaliwa. Wengine walimpa noti nyekundu, wengine walimpa asante na kikohozi.

Hundi zote alizozisimamia zilizama. Ila moja.

Februari ile Swaumu alikuja na mfuko wa kaki ameukumbatia kama mtoto mchanga. Shule moja aliyoishonea sare ilimzungusha tangu Desemba, ndiyo maana hundi yake ilirudi, na sasa ilikuwa imemlipa. Mzee Tulsidas alishuka kutoka kwake ghorofani na kandambili zake, akaketi, akahesabu, akatikisa kichwa kwa kuridhika. Mudi akaleta glasi. Watu watatu wakaitazama ile chai ikitoa moshi.

Tulsidas akajipapasa mifuko. "Mwinyi, hundi iko kwenye sefu. Ufunguo anao mama Jeet, na mama Jeet yuko hekaluni. Akirudi jioni naichana mwenyewe."

"Na hundi je, mzee?" Swaumu akauliza, kama vile hakusikia.

"Swaumu," Mwinyimvua akamkatisha, sauti ya chini, "usinitie aibu."

Swaumu akajifunga khanga yake upya.

Ukiwa mgeni utaona ni uzembe. Lakini kumwambia mzee Tulsidas hatuondoki hapa mpaka hundi ije ilikuwa sawa na kumwita mwizi mbele ya mteja wake. Na huyu ndiye aliyeshuka mwenyewe siku mke wa Mwinyimvua alipofariki, na jora zima la bafta begani, akasema, "Kateni ya sanda, inayobaki wagawieni maskini," na pesa akaikataa mara tatu. Mtu aliyekuzikia mke humwambii alete hundi. Chai ikapoa. Mudi akaimwaga kwenye mtaro.

Siku ya tisa baadaye Tulsidas alianguka dukani kutoka kwenye stuli yake. Kiharusi. Upande wa kulia ukafa, ulimi ukafa nao.

Duka akalishika mwanawe, Jeet. Ilipita miezi mingi ya hospitali na madeni kabla hajafika chini ya sefu, na alipofika, Novemba, akaikuta hundi ya Swaumu nzima, kijikaratasi cha benki kimebanwa juu yake. Akampigia simu. Swaumu akacheka. "Hiyo tulishamalizana, mwanangu, muulize baba yako." Maneno mabaya kumwambia mtu ambaye baba yake hasemi. Jeet akaona anafanyiwa dhihaka, akachukua hundi, akaenda polisi, akaapa kwamba duka halijalipwa hata senti.

Ijumaa polisi wakamchukua Swaumu. Jumatatu hakimu akataka wadhamini wawili, mmoja mtumishi wa serikali. Swaumu alipata mmoja. Akapelekwa rumande.

Jumatano, Nasreen, binti yake, alifika mezani kwa Mwinyimvua. Hakusema shikamoo.

"Mama kanituma nikuulize swali."

"Uliza, mwanangu."

"Amesema, 'Na hundi je, mzee?' Basi. Kasema wewe utaelewa."

Mwinyimvua alielewa. Alijifanya anaweka sawa kofia.

"Sukari yake inaendeleaje?"

"Dawa napeleka. Lakini kula kwa saa zake, kule utakupata wapi? Jana kaniambia kidole gumba cha mguu hakisikii. Kakibana mlangoni hakujua mpaka mwenzake alipomwonyesha damu."

"Nakwenda kwa mzee Tulsidas leo hii."

"Mzee Tulsidas hasemi."

"Mimi atanisemesha."

"Haya. Ukifika mwambie na mguu wa mama usubiri."

Akaondoka. Mudi, aliyekuwa ameinamia birika muda wote kama anatafuta pete ndani yake, akainua kichwa.

"Mudi, ikifika mahakamani utasema ulichokiona?"

"Mimi niliona glasi, Mzee Mwinyi. Hundi sikuiona."

"Na pesa?"

Mudi akatazama juu, kwenye madirisha ya ghorofa ya tatu. Jengo lilikuwa la akina Tulsidas, na kibaraza alichowekea jiko lake kilikuwa cha jengo. "Macho yangu ya Februari si mazuri," akasema.

Juu kule nyumba ilinukia ubani na dawa ya kuchua. Harshida, mke wa Tulsidas, alifungua mlango mwenyewe. "Karibu, bwana Mwinyi. Umepotea." Mzee alikuwa kwenye kiti cha magurudumu karibu na dirisha, gazeti mapajani, nusu ya uso ikimsalimia mgeni na nusu ikiwa haina habari. Jeet alipanda kutoka dukani dakika mbili baadaye, tepu ya kupimia vitambaa ingali shingoni. Alikuwa wa miaka thelathini na moja, mzaliwa wa Mchikichi, na Kiswahili chake kilikuwa cha mtaani kuliko cha Mwinyimvua.

"Anko, mimi na wewe hatuna noma. Lakini milioni nne si karanga. Kama alilipa, risiti iko wapi? Kama mlimalizana, hundi inatafuta nini kwenye sefu?"

"Muulize baba yako."

"Na wewe tena?"

Mwinyimvua alichuchumaa mbele ya kiti, magoti yakalia. "Tulsi. Mwinyi hapa. Pesa ya Swaumu wa sare, ulipokea?"

Macho ya mzee yakajaa maji. Mkono wa kushoto ukaanza kutembea mapajani mpaka ukalikuta gazeti, ukakamata pembe ya ukurasa, ukavuta. Karatasi ukiivuta kwa mkono mmoja haichaniki, inakufuata tu. Akaulalia ukurasa kwa mkono uliokufa ili uubane, ukateleza. Akajaribu tena. Mwisho akainamisha kichwa, akauma karatasi kwa meno, akavuta kwa mkono, ikachanika. Kipande kimoja. Akauma tena, mate yakimtiririka kidevuni. Cha pili.

"Anafanya hivyo kila siku," Jeet akasema, akitazama pembeni. "Magazeti, bili za umeme, mpaka kalenda. Daktari kasema ni ubongo."

"Tangu lini?"

"Tangu atoke hospitali."

Cha tatu. Cha nne. Tulsidas akavikusanya vyote vinne kwenye kiganja, akaangaza huku na huku, akaona kikombe chake cha chai dirishani. Mkono haukufika. Vipande vikaanguka sakafuni.

Mwinyimvua aliviokota, akavitia kwenye kikombe. Mzee akafumba macho. Miezi yote hiyo mtu huyu alikuwa anaiambia nyumba yake kitu kilekile, na nyumba yake ilikuwa inamfagilia makaratasi.

Harshida alisema maneno machache ya Kigujarati. Masikio ya Jeet yakawa mekundu. Kisha mama akamgeukia mgeni, ncha ya sari mdomoni. "Siku ile aliniomba ufunguo, bwana Mwinyi. Nilikuwa nimechoka. Nikamwambia kesho." Akakitazama kikombe. "Kesho nikasahau, na yeye akaona haya kuniomba tena."

Kwa hiyo Alhamisi Mwinyimvua alikwenda kwa wakili wa Jeet akiwa na moyo mwepesi. Ukweli umejulikana, kilichobaki ni mlango kufunguliwa. Alikuwa ametumikia mahakama miaka ishirini na mbili na bado aliamini hivyo.

Wakili Isidori alikuwa na ofisi juu ya duka la vyombo vya plastiki. Walijuana tangu enzi za samansi. "Mzee wa kuzamisha!" alimlaki. "Kaa, kaa. Nina habari njema. Mteja wangu ameguswa. Hataki hata senti moja."

Jeet alikuwa kwenye kona, akiangalia viatu vyake.

"Mungu mkubwa," Mwinyimvua akasema.

"Ila."

Mawakili neno hilo hulitoza pesa.

Isidori alimsogezea karatasi mbili zilizochapwa. Kifungu cha tatu kilisema mshtakiwa amelipa leo hii fedha zote taslimu. Kifungu cha nne kilisema kwamba kabla ya leo hapakuwahi kuwepo malipo wala mapatano mengine yoyote kuhusu hundi iliyotajwa. Chini, nafasi ya shahidi: Mwinyimvua Sadalla.

Alisoma mara mbili. "Lakini leo halipi kitu. Alilipa Februari."

"Mteja wangu aliapa polisi kwamba hajalipwa. Tukiandika Februari, anayetafutiwa wadhamini wawili ni yeye."

"Alikuwa hajui."

"Mzee, mahakama yenyewe umeitumikia. Uliwahi kuona kabati la 'alikuwa hajui'?"

"Basi asaini Swaumu peke yake. Mimi wa nini?"

"Wewe ndiye uliyeueleza mtaa mzima kwamba alilipa. Kesho mtu akikuuliza utasema nini? Nataka useme kilichoandikwa hapa, na hakimu atakuuliza mwenyewe."

Mwinyimvua akaiweka karatasi mezani, akailainisha kwa kiganja. "Isidori. Ule mfuko wa kaki watu waliuona ukija mezani kwangu. Nikisema Februari hapakuwa na malipo, wataniuliza niliupeleka wapi."

Isidori akafunika kalamu yake. "Hilo si swali la mahakama."

"Anko," Jeet akasema kutoka kwenye kona, "ningekuwa na njia nyingine..."

"Njia unayo. Iko ghorofa ya tatu, inachana magazeti."

"Usimwingize baba."

"Mimi siwezi kumtoa."

Chini mtu alikuwa ananadi ndoo kwa kipaza sauti, mbili kwa bei ya moja.

"Au tusubiri," Isidori akasema kwa upole, na upole ndio ulikuwa mbaya. "Shauri litatajwa baada ya siku kumi na nne, halafu kumi na nne nyingine. Ushahidi utasikilizwa. Wewe utasema, mama Harshida akipenda atasema. Mtashinda, mimi mwenyewe naamini. Mwakani."

Mwinyimvua alitazama kidole gumba cha mguu wake, kilichokuwa kimechungulia kwenye kandambili. Akakikunja. Kikakunjika.

"Nipe kalamu," akasema.

Miaka ishirini na mbili alikuwa akiwaambia watu wasaini hapa, na hapa, na hapa. Mara ya kwanza kusaini yeye, sahihi ilitoka kama ya mtoto.

Swaumu aliingia mahakamani Ijumaa, wiki moja kamili, na kandambili moja. Mguu mwingine ulikuwa umezungushiwa khanga. Nasreen alimshika mkono mpaka kizimbani. Hakimu, mama mmoja mwenye miwani ya kamba, alisoma karatasi haraka, kama mtu anayesoma kitu anachokifahamu.

"Mmepatana kwa hiari?"

"Ndiyo, mheshimiwa," Jeet akasema.

"Ndiyo, mheshimiwa," Swaumu akasema.

"Shahidi. Malipo uliyashuhudia kwa macho yako?"

"Niliyashuhudia." Hilo lilikuwa kweli, na lilimtoka vizuri.

"Na kabla ya haya ya jana hapakuwa na malipo mengine?"

Feni ilikuwa inazunguka na kugonga, kila mzunguko kishindo kimoja. Swaumu alimgeukia. Nyuma, kwenye benchi, walikaa watu watano wa Mchikichi waliofunga maduka kuja kusikia. Mwinyimvua alihesabu vishindo vinne vya feni.

"Hapakuwa," akasema.

Kwenye benchi mtu alivuta pumzi. Shauri likaondolewa.

Koridoni alimfuata karani. "Kijana, ile hundi. Tunaomba tuichane."

"Haichanwi, mzee. Kielelezo. Inabaki kwenye faili."

Swaumu alikuwa nyuma yake, ameegemea ukuta. Alikuwa amekonda wiki ile kuliko watu wanavyokonda mwezi. "Na hundi je, mzee?" akauliza, safari hii bila kisirani.

"Imebaki kwenye faili."

Mafaili hayo aliwahi kuyabeba mabegani. Alijua yanakolala, na panya wake aliwajua.

Kabla ya adhuhuri Mchikichi ilishapata habari, na habari ilikuwa fupi: mzee aliupiga ule mfuko. Kumbe Februari alikula milioni nne za watu, yule mama akalipa mara ya pili kwa kuozea ndani, na yeye mwenyewe kakiri mbele ya hakimu. Waliosema hivyo hawakuwa wabaya. Walikuwa wanajumlisha, na kwa karatasi iliyokuwepo, jumla ilikuja hivyo. Mwezi haukuisha, watu wenye hundi zilizorudi wakawa wanakwenda kuandikiana kwenye steshenari ya kona, kurasa mbili, mihuri mitatu. Mudi alianza kumdai hela ya chai kabla ya kumimina.

Swaumu walimkata vidole viwili vya mguu. Isidori alimwita akamwonya mapema: kifungu cha nne kinambana na yeye; siku atakayosema alilipa Februari, mapatano yamevunjika na shauri linafufuka. Alikuwa na binti na cherehani tatu. Akafunga mdomo.

Lakini kukaa hakukuandikwa kwenye kifungu chochote. Basi kila Jumamosi asubuhi anapanda gari kutoka Buguruni, anachechemea mpaka chini ya ngazi, anavuta kiti mezani kwa Mwinyimvua na kukaa saa nzima, mchana kweupe, ili mtaa mzima umwone ameketi na huyu mzee. Hawaongei sana. Anamweleza bei ya kitambaa cha bluu, yeye anamweleza habari za Tulsidas, ambaye siku hizi hachani tena. Chai ya Swaumu haina sukari.

Jumamosi iliyopita mama mmoja wa mitumba alipita na furushi kichwani, akawaona, akasimama. Alimpiga Swaumu bega kwa huruma ya dhati.

"Usimwachie, shoga yangu. Mbane hivyohivyo kila wiki mpaka akurudishie chako."

Mwinyimvua alikuwa anatazama ndani ya glasi. Swaumu akafungua mdomo, akamtazama, akaufunga.

"Asante, dada," akasema.